Wifi Ananisema kwa Kanga: Nimjibu au Ninyamaze?

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni mwanamke wa miaka 31, mzaliwa wa Kondoa, na kazi yangu ni uuguzi katika zahanati moja hapa Tanga. Niliolewa miaka minne iliyopita na kijana wa mji huu anayefanya kazi bandarini, na tangu siku ya ndoa tunaishi Ngamiani katika nyumba ya marehemu baba yake, nyumba ya vyumba sita yenye ukumbi katikati na uani kwa nyuma, pamoja na mama mkwe, shemeji yangu mdogo, na wifi yangu ambaye ni dada mkubwa wa mume wangu. Wifi alirudi nyumbani na watoto wake wawili baada ya kuachika, wakati mimi nimeshauzoea mji na nimeshakabidhiwa jiko.

Shida yangu ni ulimi wake. Hajawahi kunitukana tusi la wazi, na hilo ndilo linalonichosha, maana nikitaka kumweleza mtu nakosa pa kuanzia. Ramadhani ya kwanza tuliyokuwa pamoja nilipika wali wa nazi kwa ajili ya wageni waliokuja kufuturu, akaonja mbele yao, akaweka kijiko chini, akasema, "Tumsamehe jamani, huko kwao nazi wanaiona kwenye picha." Watu wakacheka, nami nikacheka nao yakapita.

Mwaka jana mimba yangu iliharibika ikiwa na miezi minne. Nyumba nzima inajua, kwa sababu wao ndio walionikimbiza hospitali usiku ule. Tangu hapo maneno yamebadilika. Asubuhi nikitoka na sare yangu kwenda kazini, wifi humwita mwanawe kwa sauti ya kusikika mpaka barazani: "Njoo mwanangu nikutume dukani, wenzetu wanatamani hata wa kumtuma chumvi." Siku nyingine alijifunga kanga mpya iliyoandikwa "Usisafirie nyota ya mwenzio", akanigeuzia mgongo pale uani, akaniambia, "Wifi, hebu nisomee, siku hizi macho yangu hayaoni herufi." Nilishindwa kusoma, nikaingia ndani, na nyuma yangu nikasikia kicheko. Kwenye harusi ya jirani, mwimbaji alipofika kwenye ubeti wa kumsema mwanamke mwenye makuu, wifi aliinuka kwenda kutunza huku noti kaziinua juu, na badala ya kwenda moja kwa moja kwa mwimbaji akazunguka mpaka mbele ya kiti changu, akacheza pale kwanza. Wanawake wakapiga vigelegele. Wiki hiyo hiyo akaweka status kwenye WhatsApp: "Mti usiozaa mwisho wake ni kuni." Jina langu halikutajwa, na wala halikuhitajika.

Mume wangu nikimweleza anasema, "Dada ndivyo alivyo, mzoee, maneno makali hayavunji mfupa." Mama mkwe anasema vyombo vya kabati moja havikosi kugongana. Mama yangu kule Kondoa ananiambia nisubiri. Rafiki yangu wa kazini anasema nikiendelea kunyamaza nitapandwa kichwani, na kwamba ile status ingetosha kumfikisha wifi polisi.

Mwezi ujao kuna harusi ya binamu ya mume wangu na sote tutakwenda. Nimeshanunua doti ya kanga yenye maneno "Naogopa simba na meno yake, siogopi mtu kwa maneno yake", nayo ipo kwenye begi langu. Zaidi ya hiyo kuna neno moja kuhusu talaka yake ambalo kila siku linanifika kooni nalimeza, na siku nitakapolisema najua litamnyamazisha. Naomba unishauri, Shangazi: je, mtu anaweza kulinda heshima yake bila kujibu, au kunyamaza ndiko kunakonigeuza jamvi?

Wako,
Yamenifika Shingoni, Tanga

SHANGAZI ANAJIBU

Marahaba, mwanangu, na pole sana. Naanza na pole ya mimba yako, kwa sababu katika barua nzima sikuona mahali ambapo mtu wa nyumba ile alikupa pole hiyo, na wewe mwenyewe umeitaja kwa haraka ukapita, kama mtu aliyekwisha kuambiwa kwamba jambo hilo halizungumzwi tena. Mimba ya miezi minne ni msiba, na mfiwa akichokozwa huumia kuliko siku zake nyingine zote. Usijishangae, basi, kwamba maneno ya wali wa nazi uliyamudu na haya ya sasa yanakushinda.

Swali la kanga nalijibu kwanza kwa kuwa lina tarehe. Usiivae siku ile. Sisemi hivyo kwa sababu kusemana kwa kanga ni aibu. Wanawake wa pwani hii walianza kuvaa kanga mwishoni mwa karne ya 19, maandishi yakaingia mwanzoni mwa karne ya 20, kwanza kwa herufi za Kiarabu na baadaye kwa hizi tunazosoma leo, na tangu wakati huo mwanamke asiyekuwa na baraza la kusemea amepata pa kusemea, akamwambia mume, mke mwenza au jirani jambo ambalo mdomo wake usingethubutu kulitamka. Huo ni ustadi, na mimi mwenyewe nina kanga kabatini ambazo sikuzinunua kwa ajili ya rangi. Lakini ustadi huo una kanuni ambayo wifi yako anaijua vizuri kuliko wewe, nayo ni kwamba aliyevaa anaweza kukana. Ukimshitaki atasema alipenda maua ya kwenye mji wa kanga, na hakuna mzee atakayeweza kumtia hatiani. Kwa hiyo kanga ikijibiwa kwa kanga haifiki siku ambayo mtu atasema yamekwisha, maana hakuna aliyewahi kukiri kwamba kuna lililosemwa.

Tena angalia mnapochezea. Huu ni mji uliotoa vikundi vya taarabu vya Black Star na Lucky Star, mji ambao watoto husikia taarabu wakiwa bado mgongoni, na wifi yako atakuwa ukumbini na mashoga zake aliokua nao, wanaojua lini kupiga kigelegele na lini kugeuza shingo. Wewe utakuwa na doti moja ya kanga. Akiisoma atafurahi, kwa kuwa kwake itakuwa stakabadhi kwamba mzigo alioutuma umefika kwa mwenyewe na umepokelewa. Ivae nyumbani siku ya kufua, au mgawie mtu ambaye hana ugomvi na yeyote.

Uliuliza kama kutojibu ni kugeuzwa jamvi. Hapo nadhani rafiki yako na mama yako wote wawili wamekupa nusu ya jambo, mmoja akidhani heshima ni kurudisha, mwingine akidhani heshima ni kumeza. Nitakupa mfano wa mtu ambaye hakufanya lolote kati ya hayo mawili, naye ni Siti binti Saad. Alizaliwa Fumba, Unguja, katika ukoo wa watu waliokuwa watumwa, akawa anabeba vyungu alivyofinyanga mama yake kwenda kuviuza mjini, na alipokuja kuwa mwimbaji wa kutafutwa na wakubwa, wenzake walimtungia wimbo wa kumcheka kwamba amekuja mjini na kaniki, na kwamba bila ile sauti yake asingekuwa na la kula. Sura yake nayo ilisemwa. Alijibu kwa ubeti mfupi ambao wazee wengi mpaka leo wanaujua kwa moyo, na maana yake ni kwamba uzuri wa sura na ukubwa wa nasaba si hoja, hasara ya mtu ni kukosa akili. Tazama alichokiacha nje ya ubeti huo. Hakukana kaniki, wala vyungu, wala sura yake. Hakumtaja aliyemsema, hakugusa nyumba yake wala wazazi wake, ingawa katika mji mdogo kama ule hakukosa la kusema. Alisema neno lake mara moja, na mwaka 1928 akapanda meli kwenda Bombay kurekodi sahani za santuri, akiwa miongoni mwa sauti za kwanza za Kiswahili kusikika kwa njia hiyo.

Siti alijibu kwa wimbo kwa kuwa wimbo ndio uliokuwa kazi yake. Wewe ni muuguzi, na kazi yako imeshakufundisha jambo ambalo wifi yako hajafundishwa. Jamaa ya mgonjwa anapokuja dirishani akipiga kelele kwamba mmewaweka tangu alfajiri, nina hakika hupandishi sauti juu ya yake, wala hukimbilii chumba cha ndani. Unamwangalia, unaishusha sauti yako, unamwambia jambo moja ambalo ni kweli, kisha unarudi kwa mgonjwa aliye mbele yako. Huo utulivu unao, ila ukifika mlango wa Ngamiani unauvua pamoja na sare, kwa sababu pale wewe ni mke mgeni. Nataka uingie nao ndani.

Sasa tuyachambue maneno yenyewe, kwa kuwa hayalingani uzito. Kanga zake, nyimbo zake za kufagilia, na mizaha ya upishi, hayo yaache yapite kabisa. Siku nyingine akikugeuzia mgongo akitaka umsomee, msomee. Soma kilichoandikwa kwa sauti ya kawaida, herufi kwa herufi, kisha uendelee na ndoo yako au kisu chako. Usiongeze neno la kusifu kanga, usitabasamu kwa upande mmoja wa mdomo, usivute pumzi kwa kishindo, kwa sababu nyongeza yoyote ni jibu, na jibu ndilo analolitafuta. Fumbo humtegemea anayefumbwa ashituke. Asiposhituka, wale waliokusanyika kucheka hubaki wakiangaliana, na mara ya tatu au ya nne huwa hawakusanyiki tena. Status nazo usizitazame. Simu inakuruhusu kuzizima status za mtu mmoja zisikujie, naye hatajua, na hutakuwa na haja ya kumwondoa kwenye orodha yako, jambo ambalo lingezua kesi mpya.

Lile la mtoto na chumvi ni jingine kabisa, na hapo sikushauri unyamaze. Hapo mtu mzima anamtumia mtoto mdogo kugusa kidonda, na mtoto huyo atakua akijua kwamba mke wa mjomba ni mtu wa kuchekwa. Hilo lijibu, ila usilijibu pale pale wala mbele ya mtu. Subiri saa ambayo wifi yuko peke yake, baada ya alasiri watu wakiwa wamepumzika, ukae naye chini, usisimame juu yake, na umwambie kwa maneno machache uliyokwisha kuyapanga: "Wifi, asubuhi ulimwambia mwanao kwamba wenzenu wanatamani wa kumtuma chumvi. Nilisikia, na iliniuma. Nilipoteza mimba katika nyumba hii, na wewe ni mmoja wa walionipeleka hospitali. Naomba suala la uzazi wangu lisisemwe tena, mbele yangu wala mbele ya watoto." Kisha unyamaze umsikilize.

Naweza kukuambia mapema atakalojibu: atasema hakukutaja. Usibishane naye, kwa kuwa ni kweli hakukutaja. Mwambie, "Basi vizuri. Kama hukunikusudia, haitakuwa taabu kuliacha." Inuka uondoke kwa salama. Usimdai radhi, kwani mtu aliyebanwa akidaiwa radhi hutafuta ugomvi wa kujitoa. Huenda akalia, huenda akaenda kusimulia nyumba nzima kwamba umemvamia, na wewe utakapoulizwa utayarudia maneno yale yale bila kuongeza hata moja. Ndiyo maana nataka yawe machache. Maneno machache yanarudiwa bila kugeuka, na msemaji wake haogopi kuitwa mbele ya wazee. Na ikitokea siku ukazidiwa, koo likakaza, sema tu, "Hilo tutalizungumza baadaye," uondoke. Kuondoka baada ya kusema hivyo si sawa na kule kuingia ndani kwa kimya siku ya kanga, kwa kuwa umeacha ahadi ya mazungumzo na ni wewe uliyeipanga saa yake.

Neno la talaka yake lizike. Nakuombea lisije likakuponyoka hata siku moja. Umesema litamnyamazisha, nami nakubali litamnyamazisha kwa siku hiyo, lakini kuanzia siku hiyo wewe ndiwe utakayekuwa umemwambia mwanamke aliyeachwa kwamba ameachwa, ndani ya nyumba ya baba yake, na watoto wake wakisikia, na hakuna atakayekumbuka miaka aliyokusema wewe. Mume wako na mama mkwe, ambao leo wanajua kimoyomoyo kwamba unaonewa, watapata nafuu ya kuhesabu kwamba mmekuwa sawa. Sioni hasara kubwa kuliko hiyo.

Halafu jaribu kumwona vizuri huyo mtu unayetaka kumjibu. Kwa desturi za hapa, mwanamke akiachika hurudi kwao kwa haki yake, nyumba ile ni ya baba yake na ana fungu ndani yake. Lakini alirudi akakuta jiko lina mwenyewe, mama yake anamwita mkwe kwa jina la mapenzi, na mdogo wake anampa mwingine posho ya nyumbani ambayo zamani pengine ilipita mkononi mwake. Anakuona asubuhi unatoka na sare, una mshahara na una mume. Ana kitu kimoja tu ambacho wewe huna kwa sasa, nacho ni watoto, na ndiyo sababu kila siku anakishika hicho hicho. Sikuelezi haya ili umwonee huruma akiwa anakuumiza. Nakueleza ili usiyaamini maneno yake, maana yanahusu upungufu wake kuliko wako. Kwa kuwa umenitajia Ramadhani, nakukumbusha pia kwamba Sura ya Hujurat, aya ya 11, baada ya kukataza watu kudharauliana inawataja wanawake peke yao, ikisema wasiwadharau wanawake wenzao, huenda hao wanaodharauliwa wakawa bora kuliko wao. Aya hiyo ni yake na kanga zake, na ni yako pia na lile neno lililo kooni.

Kuhusu uzazi wenyewe, wewe ni mtu wa afya na sitakufundisha. Unajua kuliko mimi kwamba kuharibika kwa mimba moja hakumfanyi mtu tasa, na kwamba ugumu wa kupata mtoto huwapata wanaume kama unavyowapata wanawake. Shirika la Afya Duniani lilieleza mwaka 2023 kwamba takriban mtu mmoja kati ya sita hupitia hali hiyo katika maisha yake. Kama mnataka vipimo, nendeni wawili, na majibu yawe ya kwenu chumbani.

Sasa nimfikie mume wako, ambaye kwa maoni yangu ndiye mwenye deni kubwa katika barua hii. Kusema maneno hayavunji mfupa ni rahisi kwa mtu anayeondoka saa kumi na mbili asubuhi kwenda bandarini na kurudi maneno yakiwa yamekwisha kusemwa. Dada ni damu yake, na wa kumwambia dada ni yeye. Wewe ukimwambia ni ugomvi wa mawifi, yeye akimwambia ni kaka anayelinda nyumba yake. Lakini mpaka sasa nadhani umekuwa ukimpelekea lawama, kwamba dada yake ni mbaya, dada yake hana adabu, na mwanamume akisikia hivyo kuhusu dada aliyemlea humtetea hata kabla hajafikiri. Mpelekee matukio. Mweleze maneno ya chumvi kama yalivyosemwa, ilikuwa wapi, nani alikuwepo. Mweleze ile status. Kisha umwambie jambo ambalo pengine hamjawahi kulisema kwa sauti, kwamba mimba ile ilikuwa yake pia, na kila inapofanyiwa fumbo uani, ni mtoto wake anayefanyiwa fumbo. Chagua siku ambayo amekula na amepumzika. Mwombe jambo moja tu: aende kwa dada yake peke yake, bila wewe, amwambie kwamba uzazi wa mke wake hautasemwa tena katika nyumba ile kwa mdomo, kwa kanga wala kwa simu. Usimtake achague kati yako na dada yake, wala usimtake amfokee.

Mama mkwe mheshimu kwa kumjulisha, usimtwishe hukumu. Yule ni mama wa mmoja na mkwe wa mwingine, na ukimtaka aamue atarudi kwenye kabati lake la vyombo. Ikiwa mume amesema na mambo hayakubadilika, mrudie mshenga aliyekuja kukuposa Kondoa, au shangazi wa mume wako. Kazi ya mshenga haiishi siku ya nikahi. Yeye ndiye aliyewaahidi wazazi wako kwamba utakaa kwa wema, na ana haki ya kuingia nyumba ile na kuuliza. Polisi, sikushauri. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 ipo na inagusa ujumbe wa kumsumbua na kumtesa mtu moyo, lakini status isiyo na jina ni vigumu kuithibitisha kwamba ni yako, na mtu hawezi kumpeleka wifi kituoni asubuhi akarudi kupika naye jioni. Akifikia kuweka picha yako, jina lako, au habari ya ile mimba, hapo hifadhi nakala ya ulichokiona na tutazungumza mengine.

Harusini nenda. Usikose, kwa kuwa kiti chako kikiwa kitupu kitasemewa. Jipambe upendavyo, ukae karibu na mtu mzima wa upande wa mume, shangazi akiwepo ni bora zaidi, kwa sababu mbele ya shangazi mtu hufikiri kabla ya kuzunguka na noti. Akija kucheza mbele yako hata hivyo, usiangalie chini wala usiinuke kutoka nje. Endelea kupiga makofi kwa mwendo ule ule, umwangalie kama unavyowaangalia wachezaji wengine wote. Ukipenda wimbo fulani, wa mapenzi au wa kumpongeza bibi harusi, inuka na wewe ukatunze, na safari yako iwe ya moja kwa moja kwa mwimbaji. Usirekodi chochote kwa simu.

La mwisho ni la nyumba, nami nalisema bila kuzungukazunguka. Ikiwa baada ya mume kusema, shangazi kusema na mshenga kusema bado unaamka na maneno yale yale, hameni. Fikihi inamtambulia mke haki ya makao yenye stara ambayo hatalazimishwa kuyashiriki na ndugu wa mume wanaomuudhi, na sheikh yeyote mliye karibu naye atawaeleza. Vyumba viwili Chumbageni au Makorora haviko mbali na Ngamiani, mume wako ataendelea kumwona mama yake kila siku akitaka, na wewe utakwenda Ijumaa na chakula kama mkwe anayekuja kusalimia, ambaye kwa kawaida hupokewa vizuri kuliko mkwe anayeishi pale. Msihame kwa hasira wala usiku wa ugomvi. Wenye nyumba wengi hutaka kodi ya miezi mitatu au sita kwa mkupuo, na nyote wawili mnapata mshahara, kwa hiyo anzeni kuweka fedha hiyo mwezi huu, hata kabla hamjajua kama mtaihitaji.